Dakika Tatu za Kabuta

…na kama angesema tu kwamba diski imekufa, basi imekufa, nani angebisha, si yeye ndiye fundi, si mtu akiambiwa na fundi kuwa mashine haina uhai huinamisha kichwa kama aliyeambiwa na daktari, angesema pole mama, hakuna la kufanya, na yangekwisha, lakini Didier hakusema, aliendelea kukodolea macho kioo cha ile laptop ambako maandishi meupe juu ya weusi yalikuwa yamekwama kwenye asilimia arobaini na tatu, na ng'ambo ya meza, kwenye stuli ya plastiki, Mama Pierrette alikuwa ameketi na beseni tupu la samaki katikati ya miguu yake, magamba yamemkaukia mikononi, wala hakuitazama mashine, alimtazama Didier, kwa ile imani ambayo watu humtazamia fundi… usinitazame hivyo, mama, tazama nje, tazama soko la Nchelenge, tazama minibasi za Mansa zinavyogombea abiria, tazama chochote… alikuja kutoka Kabuta saa moja iliyopita, mashine ameifunga kwa kitenge kama mtoto mchanga, akasema ni ya mdogo wake, Zéphirin, aliyefariki, polisi walikaa nayo miezi saba wakingoja mwenyewe aje kuidai na hakuja mtu, sasa wamempa yeye, na yeye anataka kitu kimoja tu, ile programu ambayo mdogo wake alikuwa akitengenezea video za wakimbizi wenzao ifunguke, kwa maana ndani yake yumo mama yao, aliyekufa kule kambini Mantapala mwaka juzi, na nyuma ya kamera imo sauti ya Zéphirin ikimwambia mama aseme kwa nguvu, "nataka tu kusikia sauti yake, papa fundi," alisema, na Didier, akiwa bado ni fundi tu na huyu bado ni mteja tu, alifungua kitenge akaiona kona ya kushoto iliyobonyea, plastiki imepasuka mpaka kwenye bawaba, na mwili wake ukaijua kabla yeye hajaijua, kwa sababu kona ile alikuwa ameiona ikipigwa juu ya jiwe, aliisikia, alikuwa amesimama hatua nne.

Angeweza kumrudishia pale pale. Angeweza kusema hizi sizitengenezi, nenda Mansa. Lakini mikono, ee, mikono ina akili yake, mikono iliichomeka kwenye umeme wa sola, ikaiwasha, ikabonyeza ile programu, na kile kisanduku kikatokea, kwamba haiwezi kuendelea kwa kuwa faili MSVCP140.dll halikuonekana, na mdomo nao ukaanza kueleza kama unavyoeleza kila siku, kwamba programu haibebi kila kitu yenyewe, mama, kuna mafaili ya pamoja ambayo programu nyingi zinaazima, na moja likikosekana au likiharibika, programu inagoma hata kama yenyewe haina ubaya, na asikubali mtu amwambie aende mtandaoni akachukue lile faili moja peke yake kwenye tovuti za matapeli, watamtilia virusi, dawa yake ni kuweka upya furushi zima kutoka kwa wenyewe waliolitengeneza, na alikuwa nalo kwenye flashi, akaliweka, likakataa, akaliweka tena, likakataa, kwa hiyo ugonjwa uko chini zaidi, mafaili ya mashine yenyewe yameoza, na Mama Pierrette alikuwa akiitikia kila neno kama mtu anayesikiliza mahubiri, na Didier akaona kwamba diski ina sehemu mbovu, nyingi, zimekaa pamoja kama jeraha, diski iliyopigwa ikiwa inazunguka huwa hivyo, akaiamuru ijikague faili kwa faili na kurudishia lililooza, lakini kabla ya hapo alifanya anachofanya siku zote, bila kufikiri, alifungua ile orodha ambamo mashine huandika yenyewe yote yanayoipata, kila saa iliyowashwa, kila saa iliyozimwa… kwa nini uliifungua, mpumbavu, kwa nini… na pale, mstari mmoja chini ya mwingine, bila hasira, bila huruma, ilikuwa imeandikwa kwamba Jumamosi ile saa kumi na dakika arobaini na nne Zéphirin aliingia, kwa jina lake, kwa paswedi yake, na saa kumi na dakika arobaini na saba mashine ilizimika ghafla bila kuzimwa. Dakika tatu. Miezi saba Didier alikuwa akijiambia kwamba yote yalikuwa kufumba na kufumbua, kwamba hapakuwa na nafasi ya kufikiri, hata malaika asingepata nafasi, na sasa mashine inamwambia dakika tatu, dakika tatu ni nyingi, dakika tatu mtu anachemsha yai.

"Itapona?" aliuliza Mama Pierrette, na akajibu kwamba tungoje, inajikagua… alikuwa amekwenda Kabuta kununua samaki, hilo tu, Jumamosi, jua kali, mitumbwi imevutwa juu ya mchanga na wanawake wamepanga mabeseni, akasikia kelele, kabolala, kabolala, mwizi, na watu wakaanza kukimbia kwa furaha, ndiyo, kwa furaha, na yeye alikimbia pia, beseni la mtu likapinduka, na alipofika walikuwa wamekwisha kumvua kiatu kimoja na kumpasua mdomo, kijana mwembamba mwenye fulana ya kwaya, na Kabaso, yule mpakizi wa samaki kwenye malori, amemshika ukosi, anatikisa, maana wiki ile nyumba ya mwalimu Davies ilikuwa imevunjwa na laptop ikaibwa, na huyu hapa mgeni anayesema Kiswahili cha Kongo, ana laptop kwapani, nini tena, na kijana alikuwa akisema ni yangu, ni yangu, niliinunua Mansa, niache niiwashe, nitatia paswedi muone, na kweli walimwacha, akapiga magoti mchangani, vidole vinateleza kwa damu, akakosea mara ya kwanza, watu wakaguna, akaandika tena, ikafunguka, ikatokea kwenye kioo kizima picha ya mwanamke mzee mwenye kilemba, akicheka, na kundi zima likanyamaza. Hilo Didier alikuwa amelisahau. Hapana, hakulisahau, alikuwa amelifukia. Kundi lilinyamaza. Mtu mmoja alisema huyu kweli ni mwenyewe, na mwanamke mmoja aliokota kile kiatu akakishika kama wa kukirudisha, na ngumi zilikuwa zimekwisha kufunguka, ndipo Kabaso akaangaza huku na huku akamwona, akasema si huyu hapa fundi wa Nchelenge, tumuulize yeye, mwizi anaweza kujua paswedi au hawezi, na nyuso zote zikageuka, na kijana pia akageuka, na usoni mwake, juu ya damu, ukaja wepesi kama wa mtu aliyeona ndugu yake, akamwita kaka kwa lugha ya kwao, "Yaya fundi, we unajua hizi mambo, ubaambie."

…na alikuwa na sababu yake, alikuwa nayo miezi saba, ameinoa mpaka inang'aa, kwamba aliogopa, kwamba yeye pia ni Mkongo, kwamba angemtetea wangesema mko pamoja, wangemvua kiatu yeye pia, na nani asingeogopa, mtu aliyevuka ziwa kutoka Pweto na godoro kichwani huku nyumba zinawaka nyuma yake, mtu aliyeruka maiti njiani akijua baadhi kwa majina, huyo ana haki ya kuogopa, alimwambia Mungu hivyo kanisani, na Mungu hakubisha… lakini dakika tatu, na ndani ya zile dakika kuna kitu ambacho hofu haikukigusa, kwa maana sasa aliuona uso wake mwenyewe, kama aliyesimama upande wa pili wa kundi akajitazama, na uso ule haukuwa wa mtu mwenye hofu, ulikuwa unatabasamu, kidogo, pembeni mwa mdomo, watu sitini wamenyamaza wakingoja neno lake, wavuvi, wapakizi, wanawake, watu ambao siku nyingine humwita mukimbizi na kupunja ujira wake, leo wanangoja, na neno lilimjia tamu, neno la mjuzi, akapandisha suruali yake kidogo akasema, "Paswedi haionyeshe kitu. Bamwizi banaletaka mashini kwangu kila siku, natoa paswedi ya mwenyewe, natia yabo." Ilikuwa kweli. Kila neno lilikuwa kweli. Hakusema huyu ni mwizi. Alisema tu jambo la kweli kuhusu kompyuta, kwa sauti ya kutosha, na akaona ule wepesi ukitoka usoni kwa kijana kama maji yanavyotoka kwenye ndoo iliyopigwa teke, na Kabaso akapokonya laptop akaipigiza kwenye jiwe wanalofungia mitumbwi, kona ya kushoto, na ile picha ya mama ikazimika, kisha kafi, kafi bapa la mtumbwi, likashuka kwenye bega, likashuka kwenye sikio, na lile sikio likakaa vibaya, na kijana akawa bado anamtafuta Didier kwa macho, katikati ya miguu ya watu, anatafuta, akimtafuta sijui aseme nini tena, kisha tofali, Kabaso aliliinua kwa mikono miwili juu ya kichwa chake, na lilipotua sauti yake ilikuwa ndogo, hicho ndicho kilichomshangaza, sauti ndogo, ya muhogo mbichi ukivunjwa gotini, na mara ya pili haikuwa hata hivyo, ilikuwa kama kukanyaga tope, na yule mwanamke alikitupa kile kiatu. Na Didier akanunua samaki wake. Wanne. Aliwachagua, akashusha bei, akawabeba nyumbani, mkewe Bénie akawakaanga, akala wawili, na Bénie akafua suruali yenye matone miguuni akidhani ni damu ya samaki, na Jumatatu mwalimu Davies alipoitwa polisi kuitazama laptop alisema hii si yangu, yangu ni ya rangi ya fedha, hii nyeusi sijapata kuiona.

"Mwapoleni, ba fundi," ilisalimu sauti mlangoni, na Didier aliruka mpaka goti likagonga meza, na alikuwa Kabaso, Mungu wangu, Kabaso mwenyewe, miguu mitupu, barafu inamyeyukia begani, amekuja kuchukua simu yake aliyoiacha asubuhi ichajiwe, kama kila wiki, akamsalimu Mama Pierrette kwa adabu, akainama kidogo, akapiga makofi mawili mepesi kama wanavyosalimu, na Mama Pierrette akaitikia, na Kabaso akaigonga laptop kwa kidole, akasema hii ba fundi ni ya kutupa, hii imepigwa, hakuijua, mtu aliyeivunja kwa mikono yake hakuijua, kidole kilekile, na kwenye meza kulikuwa na bisibisi ndefu, na Didier aliiona ikiingia, aliiona wazi kuliko alivyoona kioo, chini ya sikio, mpaka kwenye mpini, aliona macho ya Kabaso yakishangaa, akaona damu ikiruka juu ya simu za watu, na mkono wake kweli ulikuwa umeishika, na Kabaso akatia simu mfukoni, akaulizia watoto, akaenda zake akipiga mluzi, na bisibisi ilibaki mkononi haina pa kwenda… utamuua yeye, ndiyo, vizuri, yeye alishika tofali, na tofali alilishika nani mpaka ukasema wewe…

"Ule mutu ni mupole," alisema Mama Pierrette, akitazama alipopita Kabaso, kisha akabandua gamba moja kutoka kwenye kifundo cha mkono, akaanza kusema bila kuulizwa, polepole, macho chini, kwamba kule Kabuta anakotumbulia samaki watu hawamwambii, wanajua ni dada yake, wanamwonea haya, lakini mwanamke mmoja alikuja usiku wa matanga akamwambia akilia kwamba wangemwacha, walikuwa tayari wamemwacha, yeye mwenyewe alikuwa ameshika kiatu chake. "Banasema kulikuwaka fundi mumoja wa mashini. Bote bamenyamaza, ye njo akasema." Hakupandisha sauti. "Bale ya mawe, sibajue, ni wengi, ni kama mvua. Lakini ule mumoja, papa fundi, nikimupata, nitamukata lulimi na kisu ya samaki, nitamuachia uzima." Na aliposema hayo aliinua macho, na Didier alisoma ndani yake, akatafuta, anajua, hajui, amekuja kunipima, hapana, hajui, hayo ni macho ya mtu aliyechoka tu, anamwambia fundi habari za fundi kwa sababu nani mwingine wa kumwambia, na ndani ya Didier kitu kikasimama kwa miguu minne, kitu ambacho hakuwahi kukiona, kikapima ukubwa wa chumba, kikaona kwamba ukuta ni wa bati na redio ya jirani inapiga kelele, kikaona shingo ya yule mama ilivyo nyembamba juu ya blauzi, na mikono yake, mikono hii inayojua kubandika waya mwembamba kuliko unywele, akaiona imeizunguka, gumba juu ya koo, akahisi hata joto lake, na akaogopa kiasi kwamba aliikalia mikono yake, kama mtoto aliyeiba sukari, aliiweka chini ya mapaja akaikalia.

Basi futa. Usimguse mtu, futa tu, vitufe vinne, dakika kumi, sema faili lililooza limeoza na wenzake, sema diski imekufa, nayo kweli inakufa, zile sehemu mbovu si uongo, hakuna fundi Nchelenge wala Mansa atakayesema vinginevyo, na sauti itakwenda, ile sauti, kwa maana hicho ndicho alichokuwa akikikimbia saa nzima, alijua tangu mwanzo kwamba hahitaji ile programu, hahitaji hata lile faili, video zimo ndani ya folda, anaweza kuzinakili kwenye mashine yake na kuzifungua kwa dakika moja, mama huyu angekuwa amekwisha kumsikia ndugu yake na kwenda nyumbani, na yeye badala yake ameweka ukaguzi wa saa nyingi, asilimia arobaini na tatu, kwa sababu sauti ikitoka pale itasema mama sema kwa nguvu, na yeye atasikia yaya fundi, ubaambie… akatoa mkono mmoja chini ya paja, akaupeleka kwenye vitufe, na Mama Pierrette akauliza, kwa upole, kama mtu anayeogopa kusumbua, "Unaona aje, papa fundi? Sema tu. Vile utasema, njo vile, nitakubali." Mkono ukabaki hewani juu ya vitufe. Kwa sababu hali ile ilikuwa imerudi. Ilikuwa ile ile, mtu amenyamaza anangoja, na fundi anajua, na neno la fundi halina wa kulipinga, na safari hii pia angesema jambo la kweli, diski ni mbovu, mama, kila neno kweli, na safari hii hakuna Kabaso, hakuna kundi, hakuna kafi, hakuna hofu ya kusingizia, angekuwa peke yake na lile tabasamu, na angemuua yule kijana mara ya pili akiwa ameketi, kivulini, feni inampepea. Akaona kwamba hata siku ile alikuwa peke yake. Watu sitini, na alikuwa peke yake, amepewa maisha ya mtu mkononi kama mtu anavyopewa kikombe ashike kidogo.

"Mama," alisema. "Ule fundi njo miye. Ni miye." Redio ya jirani iliendelea. Minibasi ilipiga honi. Mama Pierrette hakuinuka, mkono wake ulikwenda kwenye beseni ukashika ukingo ukabaki hapo, na Didier alingoja, angalifurahi lolote, kelele, kisu, watu wote wa soko kuja mbio na mawe, alikuwa ameshusha mabega tayari, lakini kilichokuja ni swali, dogo, kavu. "Ulisemaka nini?" Akasema kwamba aliulizwa kama paswedi… "Hapana," alisema. "Sema vile ulisemaka." Na ilimbidi alitoe tena, lote, yale maneno kumi na kitu, kwa mpangilio wake, na yalipokuwa yakitoka hayakuwa na utamu wowote, yalikuwa kama meno yake mwenyewe yanatoka moja moja, na mama alisikiliza mpaka mwisho midomo yake ikitikisika, anayarudia kimya kimya, anayahifadhi.

Kisha aliitazama mashine kwa mara ya kwanza tangu aingie. "Tengeneza," alisema. "Yote. Ifunguke vile ye alikuwa anaifungua. Nikimaliza kumusikia, utavaa shati, tutaenda ku polisi, we na miye, utasema kule vile umesema hapa." Akainuka, na Didier akadhani anaondoka, lakini alivuta stuli mpaka mlangoni, akaiweka katikati kabisa, akaketi, mgongo kwa soko, uso kwake, mikono juu ya magoti, na mtu mmoja aliyekuja na simu yake alitaka kupita akamwambia kumefungwa. Na ukaguzi haukuwa umesogea hata asilimia moja, na Didier akatoa mkono wake wa pili chini ya paja, ulikuwa umekufa ganzi, akausugua, akajiambia kwamba folda ya video ndiyo ya kwanza, anakili video kwanza kabla diski haijaanguka kabisa, nyingine baadaye, na akaanza kuitafuta, na alipoiona, majina ya watu wa Mantapala yamepangwa moja moja kwa mkono wa yule kijana, hakugeuza uso.